Ramani ya Wakati na Dhamiri ya Muuaji: Hadithi Fupi ya Borges

Mtahiniwa akikumbana na hadithi ambamo wakati haufuati mstari mmoja, mara nyingi huandika "mbinu rejeshi", akapiga mstari chini yake, kisha akapita. Nasi walimu humtuza alama, tukapita pia. Makala haya yanadhamiria kuonyesha kwamba mpangilio wa wakati waweza kuwa ndio maudhui yenyewe. Mfano wetu ni hadithi fupi ya Jorge Luis Borges wa Ajentina (1899–1986), iliyochapishwa kwa Kihispania mwaka wa 1941. Jina lake twaweza kulitafsiri kuwa Bustani ya Njia Panda.

Kwanza tuuangalie msuko. Ni mwaka wa 1916, Vita Vikuu vya Kwanza vimepamba moto. Yu Tsun, Mchina aliye jasusi wa Ujerumani nchini Uingereza, amegundua kwamba Waingereza wameweka mizinga yao katika mji wa Ufaransa uitwao Albert. Kapteni Richard Madden anamwinda, na hana njia ya kupeleka habari hiyo Berlin. Anatafuta katika kitabu cha simu mtu mwenye jina la mji huo, anampata Stephen Albert, na kupanda gari la moshi hadi Ashgrove ili amuue. Mauaji yakitangazwa magazetini, mkuu wake ataliona jina na kuelewa. Hapo ndipo sadfa inapoingia: Albert ni mtaalamu wa mambo ya Kichina, naye ndiye aliyefumbua fumbo la Ts'ui Pên. Yu Tsun ni kitukuu wa Ts'ui Pên huyo.

Ts'ui Pên alikuwa gavana wa Yunnan aliyeacha madaraka ili aandike riwaya na kujenga mzingile. Alifanya kazi hiyo kwa miaka 13, kisha akauawa. Riwaya iliyokutwa ilikuwa rundo la rasimu zinazopingana: shujaa anakufa katika sura ya tatu, na katika ya nne yu hai. Mzingile haukuonekana kamwe. Albert aligundua kwamba kitabu na mzingile ni kitu kimoja. Katika hadithi za kawaida, mhusika akifika njia panda hushika njia moja na kuziacha nyingine. Katika riwaya ya Ts'ui Pên hushika zote. Kila uamuzi huzaa wakati mwingine na dunia nyingine. Nyakati hizo hutengana, hukutana tena, au hupita sambamba bila kujuana. Ithibati ya Albert ni kwamba neno "wakati" halitajwi popote katika riwaya hiyo. Mwanafunzi wetu anaielewa kanuni hii tangu utotoni: mtegaji wa kitendawili hataji jibu.

Wahakiki wengi huishia kuistaajabia ramani hii. Lakini, mwalimu mwenzangu, mtazame anayeiendea. Akiwa njiani, Yu Tsun anajipa wosia: anayekusudia kutenda unyama ajione ameshautenda, na ajilazimishie kesho isiyobadilika, kama jana. Alipofika Ashgrove anaelekezwa akate kushoto katika kila njia panda. Anayekata kushoto daima hana haja ya kuchagua. Basi hadithi ina ramani mbili za wakati: ya babu inafungua njia, ya kitukuu inazifunga.

Ramani hizo zinagongana katika kilele. Albert anamweleza kwamba katika wakati mmoja wao ni maadui na katika mwingine ni marafiki. Yu Tsun anahisi bustani imejaa watu wasioonekana, ambao ni yeye na Albert wa nyakati nyingine. Anainua macho: bustanini yumo mtu mmoja tu, Kapteni Madden. Anaomba aonyeshwe tena barua ya babu yake. Albert anampa kisogo, na Yu Tsun anafyatua risasi.

Msomaji aweza kuuliza: ikiwa yote hutokea, hatia iko wapi? Je, si mahali fulani Albert yu hai? Jibu limo katika usimulizi. Anayetusimulia ni Yu Tsun mwenyewe, akingoja kunyongwa. Habari ilifika, mji ukapigwa mabomu. Hata hivyo, anachobaki nacho ni majuto na uchovu usio na mwisho. Dunia zote za ramani hazimpunguzii uzito wa mtu mmoja aliyemuua katika hii. Kinaya kinazidi tukikumbuka sababu yake. Hakuipenda Ujerumani, alitaka kumthibitishia mkuu aliyedharau watu wa asili yake kwamba mmoja wao angeweza kuyaokoa majeshi yake. Ili aheshimiwe na aliyemdharau, alimuua mtu aliyeurudishia ukoo wake heshima.

Neno mzingile si geni kwetu. Kezilahabi aliipa riwaya yake ya 1991 jina hilo, mwaka mmoja baada ya Nagona. Wanafunzi wanaosoma riwaya hizo, au Bina-Adamu! ya Wamitila (2002), hulalamika kwamba hazieleweki. Tusiwape jina la mbinu ili wanyamaze. Tuwaulize: nani amesimama njia panda? Ana njia zipi? Kwa nini ameshika hii? Wahenga walinena kwamba njia mbili zilimshinda fisi. Fisi alipasuka kwa kutaka zote. Yu Tsun aliangamia kwa kujifanya iko moja tu. Mtahiniwa atakayeiona tofauti hiyo atakuwa amesoma hadithi.

Swali la marudio: "Yu Tsun hakulazimishwa na yeyote." Jadili kauli hii ukirejelea matumizi ya wakati katika hadithi. (Alama 20)