Anayeshtuka Peke Yake

Katika filamu ya Carry On Up the Khyber ya mwaka 1968 kuna karamu ambayo Waingereza hawachoki kuisimulia. Ni India ya mwaka 1895. Makazi ya gavana Mwingereza yanapigwa mizinga, dari linabomoka, vumbi la chokaa linajaa vichwani na kwenye sahani, nao wenyeji na wageni wanakula na kupiga soga kana kwamba nje kuna manyunyu tu. Sifa huwaendea Sid James, aliyecheza gavana, na Joan Sims, aliyekuwa mkewe. Mimi humwangalia mhubiri mmoja aliyeketi nao, Ndugu Belcher, ambaye kila kishindo kinamtoa roho. Pale mezani ndiye mwenye akili timamu pekee, na ndiyo maana anaonekana mpuuzi. Mwondoe, na utulivu wa wale wengine hauna wa kuupima. Utabaki ushujaa mkavu, na ushujaa mkavu hauchekeshi mtu.

Filamu yenyewe ina doa: waigizaji weupe wamepakwa rangi ili wawe Wahindi, na mzaha huo umeshachacha. Kejeli yake kwa watawala wa kikoloni, hata hivyo, bado inauma.

Belcher alichezwa na Peter Butterworth. Alionekana katika filamu 16 za mfululizo wa vichekesho wa Carry On, na karibu katika zote jina lake halikuwa la kuvuta watu kwenye jumba la sinema. Kazi ya kusimama kando ya mwingine aliijua mapema, tena mahali pagumu. Mwaka 1940, akiwa luteni katika kikosi cha anga cha jeshi la majini, ndege yake iliangushwa karibu na pwani ya Uholanzi, akawa mateka wa Wajerumani. Katika kambi ya Stalag Luft III mateka walitengeneza farasi wa mbao wa kurukia, wakamweka uwanjani. Wakati wengine wakiruka mbele ya walinzi, chini yake mlichimbwa handaki, na Oktoba 1943 wakatoroka watu watatu. Butterworth alikuwa miongoni mwa warukaji. Kisa hicho kilipotengenezewa filamu mwaka 1950, inasimuliwa kwamba aliomba nafasi akanyimwa, eti hana umbo la shujaa.

Kambini huko huko alikutana na Talbot Rothwell, wakawa wakiwaigizia wenzao michezo jukwaani. Rothwell baadaye akawa mwandishi wa filamu nyingi za Carry On, na Butterworth akaingia humo kupitia Carry On Cowboy ya 1965.

Ufundi wake ulikuwa wa kutojua. Wachekeshaji wengi hukukonyeza kidogo, wakikuarifu kwamba mzaha unakuja. Butterworth hakukonyeza. Katika Carry On Camping ya 1969 yeye ndiye Josh Fiddler, mwenye uwanja wa mahema, anayewakamua wageni wake pauni moja, kisha nyingine, kisha nyingine tena. Mwigizaji mdogo kwake angemfanya tapeli mwenye macho ya kukwepa. Fiddler anadai kwa uso mkunjufu, kama karani anayesoma orodha ya bei, na anamwachia Sid James nafasi yote ya kukasirika.

Ninayempenda zaidi ni Pepe wa Carry On Abroad, 1972. Hoteli yake haijamalizika kujengwa, wafanyakazi hawatoshi, na basi la watalii limeshafika. Basi anawapokea mwenyewe kwa sura hii, anarudi kwa sura ile, meneja na mpagazi kwa zamu, akihema. Kwa mara moja amepewa kucheza kundi zima la wasaidizi, na hakuna hata mmoja kati yao anayejifanya nyota. Mvua inaponyesha na hoteli kuanza kubomoka, mwishowe uvumilivu unamwishia, huku wageni wakiendelea kucheza dansi.