Kothbiro: Wimbo wa Ayub Ogada

Msomaji, huenda umekwisha kuusikia wimbo uitwao Kothbiro usijue mwimbaji wake ni nani. Ulitiwa katika filamu ya The Constant Gardener, mwaka 2005, inayosimulia habari za mume aliyeuawiwa mkewe. Na tangu hapo wengi wa ng'ambo huushika kuwa ni wimbo wa matanga.

Niliwahi kuwasikilizisha wanafunzi wangu wimbo huo hapa Migori. Msichana wa Kikuria, asiyejua Kijaluo, aliinamisha kichwa akasema kwamba mwimbaji amefiwa. Mvulana mmoja kutoka Karachuonyo, upande wa Homa Bay, akacheka sana. Akatueleza kwamba mwimbaji asema mvua yaja, ng'ombe warudishwe nyumbani. Basi!

Siku ile nilimpa mvulana ushindi. Sasa naona nilikosea. Mtu anayeona wingu jeusi na ng'ombe wake wako malishoni hupaza sauti, naye Ogada hapazi. Aimba polepole, kama mtu anayembembeleza mtoto. Maneno yana haraka, sauti haina. Na katika nafasi iliyo kati ya viwili hivyo ndimo huzuni ilimokaa. Msichana aliisikia hiyo bila ya kujua neno hata moja.

Ogada alizaliwa Mombasa mwaka 1956, na sehemu ya utoto wake aliishi Marekani. Mwaka 1979 alikuwa miongoni mwa walioanzisha African Heritage Band mjini Nairobi. Mwaka 1986 alikwenda Uingereza na nyatiti yake, akawa akiipiga barabarani kwa wapita njia, hata kampuni ya Real World ya Peter Gabriel ikatoa albamu yake, En Mana Kuoyo, mwaka 1993. Kothbiro ilikuwa imekwisha kurekodiwa Nairobi na bendi ya Black Savage katika miaka ya 1970. Lakini ni katika albamu hii, penye vyombo vichache, ndipo ilipopata utulivu wake.

Utulivu huo una gharama. Mpiga nyatiti wa zamani huvaa pete ya chuma kidoleni mwa mguu, akagonga nayo ubao wa chombo, na njuga zikalia. Husifu, hutania, huchekesha. Mzee mmoja wa Rongo aliniambia kwamba Ogada hapigi nyatiti, ajaribu nyuzi tu. Sikubaliani naye katika Kothbiro, ingawa ziko nyimbo nyingine katika albamu hiyo ambazo upole wake hunichosha.

Ogada alifariki mwaka 2019 huko Nyahera, karibu na Kisumu.

Baada ya likizo msichana yule alituletea iritungu ya babu yake. Nyuzi ni nane, kama za nyatiti, lakini sauti ni nzito, yatetema hata kifuani. Aliipiga kwa kusitasita, akaimba kwa Kikuria. Yule mvulana alisikiliza mpaka mwisho, kisha akauliza maneno yasemaje.