Mtazame Asiyelewa

Ukitaka kujua kama tashtiti ya duka la pombe imefinyangwa vizuri, mwache mlevi, mtazame asiyelewa. Kuigiza ulevi ni kazi nyepesi: mtu akiyumba na kuburuta maneno, ukumbi unacheka, na kicheko kinaishia kwa mlevi bila kumgusa anayemuuzia. Ndiyo maana Madhubana Kadai, filamu ya Kitamil ya mwaka 2012 iliyoongozwa na Kamalakannan, inastahili kipimo kigumu zaidi. Imewekwa katika baa ya TASMAC, shirika la serikali ya jimbo la Tamil Nadu lililoundwa 1983 na kupewa 2003 haki ya peke yake ya kuuza pombe rejareja. Baa zilizo kando ya maduka hayo hukodishwa kwa watu binafsi, lakini anayepokea pesa dirishani analipwa na serikali, na kwa miaka mingi chupa aliyoitoa ilibandikwa onyo kwamba pombe inaangamiza nchi, nyumba na uhai. Hapo hakuna haja ya kutia chumvi. Chupa ya mililita 180 inapopita dirishani, angalia kamera inaelekea wapi. Ikimkimbilia mnywaji tu, filamu imechagua mnyonge wa kumcheka. Ikibaki kwa muuzaji, kwa mwenye baa na kwa anayefuta meza, imeiona biashara nzima.

Wapo watakaolalamika kwamba filamu haina hadithi. Katika sinema nyingi za Kitamil baa ni mahali pa kupitia: shujaa aliyeachwa na mpenzi huingia na rafiki zake, wimbo ukapigwa, akatoka. Hapa tunabaki ndani, wateja wakija na kuondoka, na naona umbo hilo linaifaa biashara inayofunguliwa tena kesho. Ila vipande visivyojengana ni udhaifu wa kweli; mteja akionekana mara ya pili, lazima tumjue zaidi.

Lawama nzito ni kwamba kicheko kinautukuza ulevi, katika jimbo ambalo marufuku ya pombe ilianzia Salem 1937, ikaondolewa 1971, ikarudishwa miaka michache baadaye, na kuondolewa tena. Nyumba zilizovunjika hazistahili mzaha. Lakini kinachoutukuza ulevi ni kuficha gharama yake. Kwa hiyo fuatilia noti katika kila tukio: imetoka mfuko wa nani, imelipia nini, na nyumbani kumebaki nini cha kupikia.