Kiti Kisichokaliwa: Neno "Utupu" katika Tafsiri ya Dini ya Kubuni

Tafsiri inayohakikiwa hapa haijachapishwa, na aliyeifanya ni mimi mwenyewe. Kwa hiyo msomaji asitafute mtu wa kumwonea huruma. Ni rasimu ya sura za mwanzo za The Tombs of Atuan, riwaya ya Ursula K. Le Guin wa Marekani iliyotoka mwaka 1971, niliyoifasiri kwa ajili ya mazoezi ya wanafunzi wangu hapa Mgogoni, kaskazini mwa Pemba. Hadithi ni ya dunia ya kubuni. Mtoto wa kike, Tenar, anachukuliwa kwa wazazi wake akiwa bado mdogo, anavuliwa jina lake, na anafanywa kuhani mkuu wa dini kongwe ya jangwani. Jina jipya analopewa, Arha, maana yake ni "Aliyeliwa". Ibada hufanywa mbele ya kiti cha enzi, kikubwa, cheusi, na juu ya kiti hicho haketi mtu wala halikuwekwa sanamu.

Basi nikaandika kwamba watu hao ni "waabudu utupu".

Rasimu niliisoma kwa sauti barazani jioni moja, mbele ya wanafunzi wachache na wazee wawili watatu waliokuwa wakingoja adhana ya magharibi. Nilipofika kwenye maneno hayo wanafunzi waliinamisha vichwa, mmoja akajiziba uso kwa kofia yake, na mzee aliyekaa ubavuni mwangu akaniuliza kwa upole, "Mwalimu, kitabu hiki umekisoma chote kabla ya kuwapa hawa vijana?"

Ye yote aliyepita chuoni anaijua sababu. Katika mafunzo ya udhu, kitokacho katika tupu mbili huutengua. Katika masharti ya sala, kusitiri utupu ni miongoni mwake. Kwa mwanafunzi wa Mgogoni neno hili si la falsafa, ni la fikihi, na amelijua tangu hajaanza skuli. Nilikuwa nimewaletea watoto wa watu habari za taifa zima linalosujudia uchi.

Itasemwa kwamba aibu hii ni ya Pemba tu, na kwamba lugha ya taifa haiwezi kungoja ruhusa ya baraza moja la kijijini. Nimelipima jambo hilo, na silikubali. Biblia ya Union Version ya mwaka 1952 hulitumia neno "utupu", pamoja na "ukiwa", katika aya za mwanzo kabisa, kueleza hali ya nchi kabla haijatengenezwa. Lakini kitabu hicho hicho, kifikapo katika Mambo ya Walawi, hulitumia neno lile lile kwa maana ile ile ya chuoni kwetu. Maana mbili hizo zipo bara na zipo pwani. Tofauti ni ipi humjia msikilizaji kwanza. Na istilahi isiyoweza kusomwa kwa sauti mbele ya darasa lo lote la nchi hii haijawa istilahi ya taifa, hata ikiwa imepigwa chapa katika orodha.

Tena "tupu" ina ukaidi mwingine. Tusemapo "ukweli mtupu" hatukusudii ukweli usio na kitu ndani yake; twakusudia ukweli usiochanganyika na kingine. "Maji matupu" ni maji, na ni maji hasa. Neno hili hupungua mahali pamoja na kujaa mahali pengine, na mfasiri wa falsafa anayelishika hana hakika ameshika mwisho upi.

Nikageukia maneno mengine. "Sifuri" asili yake ya Kiarabu ni kuwa bila kitu, lakini kwetu limekwisha kuwa mali ya hesabu na ya mwalimu asahihishaye mitihani. "Ombwe" limeshachukuliwa na fizikia, nalo linafaa huko. "Ubatili", wanalolijua wasomaji wa kitabu cha Mhubiri, ni hukumu: husema kwamba jambo halina faida, halisemi kwamba haliko. "Si kitu" ndilo jepesi kuliko yote, lakini ni jawabu tunalompa aliyetukanyaga mguu akaomba radhi.

"Adamu" nalo lahitaji kutazamwa kwa utulivu, kwani kwa haki lilistahili kushinda. Mwanafunzi wa Kishafii asomeshwaye sifa ishirini za Mwenyezi Mungu huanza na wujudi, yaani kuwako, na huambiwa kwamba kinyume chake ni adamu, yaani kutokuwako. Hivyo istilahi ipo, imesomeshwa, na ina jozi yake. Kwa bahati mbaya Kiarabu huitofautisha na jina la Nabii Adamu kwa herufi ya mwanzo na kwa urefu wa irabu, na maandishi yetu hayana hata moja kati ya hayo. "Waabudu adamu" wangesomwa kuwa wanamwabudu baba wa watu wote, na "binadamu" angegeuka mtoto wa pasipo kitu. (Wapo watakaosema hilo si kosa kubwa.) Shina la neno hilo hata hivyo tumekwisha kulipokea kwa mlango mwingine: kitu "adimu" ni kile ambacho kinakaribia kutokuwako.

Makosa ya neno, lakini, yalinifunulia kosa kubwa zaidi la kusoma. Je, watu wa riwaya hii kweli huabudu pasipo kitu? Arha haamini hivyo. Kwake kiti kina wenyewe, nao ni nguvu za giza zisizotajika kwa jina, walio chini ya ardhi katika mzingile, neno ambalo wasomaji wetu wamelizoea tangu Euphrase Kezilahabi alipolifanya jina la riwaya yake ya mwaka 1991. Kossil, kuhani wa dini ya mfalme aliyejifanya mungu, ndiye asiyewaamini: kwake kiti ni mbao na vumbi. Kisha huja Ged, mchawi kutoka visiwani, asemaye neno la tatu, kwamba nguvu hizo ziko, ila si miungu wala hazistahili kuabudiwa. Wote watatu wanakitazama kiti kimoja. Kwa "utupu" wangu nilikuwa nimempa Kossil ushindi kabla mabishano hayajaanza.

Hapa Kiswahili kina utajiri ambao sikuutumia. Karani anayeandika kwamba mtu "hayupo" hakusema kwamba mtu huyo amekoma kuishi. Hayupo ofisini, basi. "Hayumo" huhusu ndani. "Hayuko" ni pana zaidi, na ndiyo maana muumini husema "Mungu yuko" bila ya kutaja mahali. Kwa hiyo kiti, kwa Arha, ni kiti ambacho aonekanaye hayupo. Kwa Kossil, mwenye kiti hayuko kabisa. Nimeandika hivyo katika rasimu ya pili, na kwa dhana yenyewe nimetumia "kutokuwako". Dosari zake nazijua. Ni refu, halina wingi, halikubali kuunganishwa na neno jingine, na kila siku hapa kwetu mtoto hujibu mlangoni kwamba baba hayuko, kenda kuchuma karafuu. Lakini hakuna atakayejiziba uso kwa kofia.

Mzee yule nilimsomea rasimu ya pili. Aliisikiliza hadi mwisho, akasema kwamba jambo hilo walimu wa tauhidi walikwisha kulipa jina: shahada ina nafi, ambayo ni kukanusha, na ina ithbati, ambayo ni kuthibitisha. "Watu wako hawa," akasema, "wamesimama kwenye nafi, hawakuendelea." Kwa Kossil maneno hayo ni sawasawa, na "nafi" nimeliweka kinywani mwa mhusika mmoja. Kwa Arha hayafai, kwa sababu yeye anathibitisha, ila anathibitisha asichoweza kukiita.

Nalo limebaki bila ufumbuzi. Kiingereza huwataja wenye kiti kwa neno lisilolazimika kusema kama ni watu au vitu. Kiswahili hakituachii nafasi hiyo. Nikiandika "Wasio na Majina" nimewapa uhai na nimekubaliana na Arha. Nikiandika "Visivyo na Majina" nimekubaliana na Kossil. "Zisizo na Majina" huzifanya nguvu tu, na pengine ndivyo Ged angetaka. Kwa sasa nimeacha "Wasio", kwa kuwa sura za mwanzo zinasimuliwa kwa macho ya mtoto. Mwanafunzi mmoja ameniuliza kama upatanisho huo utabadilika Tenar atakaporudishiwa jina lake, na sura hiyo sijaifikia.