Yatima wa Wahmong katika Sinema

Picha ya sinema iitwayo Gran Torino, aliyoiongoza Clint Eastwood mwaka 2008, husifiwa kwa kuwa ya kwanza miongoni mwa picha kubwa za Marekani kuwaweka Wahmong mbele ya watazamaji. Sifa hiyo ni haki yake. Twauliza tu, hadithi isimuliwayo humo ni ya nani?

Wahmong ni watu wa milima ya kusini mwa China, Laos na nchi za jirani. Katika vita vya siri vya Laos wengi walipigana upande wa Wamarekani, na baada ya mwaka 1975 maelfu walivuka mto Mekong wakakimbilia Thailand, kisha Marekani. Lugha yao ilitungiwa maandishi ya herufi za Kilatini katika miaka ya 1950 tu. Elimu yao ilikaa vinywani, na katika qeej, ala ya kupuliza ya mianzi, ambayo sauti zake husimama mahali pa maneno. Mazishini qeej huiongoza roho ya marehemu, kijiji kwa kijiji, hata lilipozikwa kondo la nyuma alilozaliwa nalo. Mswahili aliyezoea kuulizwa kitovu chake kilizikwa wapi hahitaji kufafanuliwa zaidi.

Katika hadithi zao shujaa apendwaye ni mtoto yatima. Hana wazazi, hana shamba, watu humdharau. Lakini kwa werevu wake, na kwa msaada wa viumbe wa ajabu, humshinda aliyemzidi nguvu. Sasa mtazame Thao, kijana wa picha hii: hana baba nyumbani, ni mpole, hata jamaa zake humcheka. Kila alichonacho yule yatima anacho, ila tendo. Saa ya hatari ifikapo, jirani yake Walt, mzee wa Kimarekani, amfungia katika chumba cha chini ya nyumba, kisha aenda peke yake kufa kwa ajili yake. Thao arithishwa gari, na hadithi yaisha. Kifo hicho chaliza, sikatai. Lakini yatima amenyang'anywa kazi yake.

Mila nazo twazitazama kwa macho ya Walt. Kuku achinjwa katika sherehe ya mtoto mchanga. Mzee aona ushenzi, wala picha haitwambii kwamba roho ya mtoto yaitwa ije ikae mwilini. Lakini mganga amsomapo Walt moyo wake, maneno yote yafasiriwa, maana yamhusu yeye! Bee Vang, aliyecheza Thao, aliandika hadharani mwaka 2021 akiyalaumu matusi ya rangi yaliyofanywa mzaha humo.

Wahmong wa Marekani wenyewe wametengeneza picha zao kwa fedha kidogo, nyingi zikipigwa Thailand na kuuzwa kwa kanda na diski katika sherehe zao za mwaka mpya. Fundi wa Hollywood angezicheka. Lakini zimetungiwa Wahmong, kwa Kihmong, na humo hapana haja ya mtu kusimama amweleze mgeni Mhmong ni nani.