Vitabu Viwili juu ya Watai na Walao

Mwenye kutaka habari za Watai na Walao, watu wa bonde la Mekong na milima yake, hakosi vitabu. Kazi ni kuchagua.

Kitabu cha William Clifton Dodd, misionari wa Kiprotestanti kutoka Marekani, kilitolewa mwaka 1923, naye amekwisha kufa. Aliwapenda Watai, akasafiri mbali mpaka kusini ya China akisikiliza lugha zao. Habari za safari hizo zingali zafaa. Lakini akiingia historia anapotea: Watai awaita ndugu wakubwa wa Wachina, na ufalme wa Nanzhao, kule Yunnan, asema ulikuwa wao. Sivyo. Wafalme wa Nanzhao walichukua silabi ya mwisho ya jina la baba, wakaiweka mwanzo wa jina la mwana. Desturi hiyo si ya Kitai. Nao wachunguzi wa lugha waonyesha chimbuko la Watai mashariki zaidi, penye mpaka wa Guangxi na Vietnam.

Kosa la mgeni ni jambo dogo. Kubwa ni hili, kwamba wenyeji walilipokea kwa furaha. Maha Sila Viravong, Mlao mwenye elimu, katika historia yake ya mwaka 1957 alishika njia ile ile. Namwelewa: nchi ilitoka chini ya Wafransa mwaka 1953, ikataka mababu wakubwa. Hata sisi tuliambiwa kwamba wafalme wetu walitoka kaskazini, na wengine wetu walipendezwa. Lakini Lan Xang, ufalme wa Fa Ngum tangu 1353, ulikuwa na sifa yake, bila kuazima.

Padri Marcello Zago, Oblati wa Maria Immakulata aliyefanya utume Laos, mwaka 1972 alitoa kwa Kifransa kitabu juu ya ibada za Walao. Yeye hatafuti chimbuko, atazama yanayotendwa. Chukueni baci: wakati wa arusi au safari, mzee aita khwan 32 za mtu zirudi mwilini, kisha watu wamfunga nyuzi nyeupe mikononi. Katekista atakayetafsiri khwan kwa neno “roho” ataharibu maneno mawili kwa mara moja, maana roho ya katekismu ni moja, wala haipotei njiani na kuitwa irudi.

Kitabu ni kizito, chataka uvumilivu, na historia ndani yake ni haba. Hata hivyo ningemwekea mseminari mikononi hiki kwanza, na Dodd baadaye, kwa ajili ya safari zake tu.