Kapteni Alex chini ya mabati ya Kericho

Mara ya kwanza kuona sinema ya Nabwana sikuisikia. Ilikuwa 2016, alasiri, na mtu wa Kericho anajua alasiri zetu: saa nane wingu linashukia majani chai, saa tisa mvua, na siku mbaya ni mvua ya mawe. Banda la video la kijijini kwetu, pale ndani ya shamba la chai, halikuwa na dari. Mawe yakianza kugonga mabati hata Rambo anakuwa bubu. Kwa hivyo Who Killed Captain Alex? tuliitazama kama watu wanaochungulia fujo kupitia dirisha la matatu. Midomo inaenda, damu inaruka, helikopta inalipua Kampala, na sisi tunacheka tu. Mvua ilipopungua ndipo tukagundua kuna mtu anayeongea ndani ya filamu, na si mmoja wa waigizaji.

Nitarudi kwa huyo mtu. Kwanza niseme jambo linaloniudhi. Karibu kila makala niliyosoma kuhusu Isaac Nabwana inaanza na pesa. Filamu ya dola 200! Wengine wanasema ni chini ya hapo. Hesabu inabadilika kulingana na msimuliaji. Halafu inafuata ile orodha: kijana wa Wakaliga, mtaa wa Kampala, mzaliwa wa 1973, mfyatua matofali ambaye kaka yake alikuwa akimsimulia filamu ambazo yeye hakuziona. Mwaka 2005 akaanzisha Ramon Film Productions, jina alilolitoa kwa bibi zake wawili, Rachael na Monica. Kompyuta ya kuunganisha mwenyewe. Bunduki za mbao na vyuma chakavu. Damu ya bandia ndani ya kondomu. Yote ni kweli, na yote ni matamu kusoma. Lakini mwandishi akimaliza orodha hiyo mara nyingi anadhani amemaliza pia kuitazama filamu.

Mimi nimelelewa na mama aliyelipwa kwa kilo. Mtu akiniambia kitu fulani ni cha bei rahisi, huwa nauliza nani amelipia hiyo rahisi. Dola 200 hazimhesabu Harriet Nakasujja, mke wa Nabwana, ambaye bila yeye studio hiyo ingekuwa ua la nyumba tu. Haziwahesabu vijana waliokuja na nguo zao wenyewe, wakaanguka kwenye matope siku nzima, kisha wakatembea nyumba kwa nyumba kuuza DVD, maana malipo yao yalikuwa humo ndani ya mauzo, na ilibidi waende haraka kabla wezi wa nakala hawajawapita. Hiyo ni kazi ya kilo kabisa. Hujachuma, hujala. Mnamo 2015 walipochangisha pesa kwenye intaneti waliomba dola 160, wakapata zaidi ya 13,000. Watu waliisimulia kama kichekesho. Kwangu inaonyesha vile mtu aliyezoea mizani ya mwajiri anavyojipimia hata mahali ambapo mizani haipo.

Sasa yule mtu anayeongea. Anaitwa VJ Emmie. Uganda wana VJ, nasi Kenya tuna DJ Afro, ambaye sauti yake nimeisikia kwenye vinyozi, matatu na mabanda mengi kuliko sauti ya mhubiri yeyote. Tanzania walikuwa na Lufufu. Kazi ni moja: filamu inatoka mbali, kwa lugha ya mbali, na mtu wa hapa anaketi katikati ya filamu na watazamaji, anatafsiri, anaongezea chumvi, anampa muuaji wa Hong Kong jina la chifu wenu. Hata banda letu lilikuwa na kijana wa namna hiyo. Kambi ilikuwa na Wakipsigis, Wakisii, Waluo na Waluhya, basi alikuwa akipunguza sauti na kusimulia kwa Kiswahili, tusi likihitaji uzito anaruka Kikipsigis, kisha Ekegusii ili wale wa nyuma wasinung'unike. Jean-Claude Van Damme wa kwetu alikuwa na lugha tatu.

Alichofanya Nabwana ni kumwingiza mtu huyo kwenye filamu ambayo haikuhitaji mkalimani. Mkalimani kwa kawaida huja kumtetea mtazamaji dhidi ya filamu ya mgeni. Hapa filamu ni ya nyumbani, na bado Emmie anaipigia kelele, anawasifu makomando, anawacheka, anatangaza filamu zijazo huku watu wanauawa. Na kuna ajali moja ambayo wahakiki wangefaa kuikalia zaidi: nakala ya awali ya Captain Alex, ile isiyo na Emmie, haipo tena. Tulichobaki nacho ni ile iliyo na kelele zake. Kelele imekuwa maandishi yenyewe. Ni kama mtu apoteze kitabu abaki na mabishano ya waliokisoma, kisha mabishano yawe ndiyo kitabu.

Si kila kitu alichotengeneza ni kizuri, na kusema hivyo si kumkosea heshima. Crazy World, iliyofunga programu ya Midnight Madness huko Toronto mwaka 2019, ina watoto wa kung-fu wanaopendeza, lakini nilihisi inajua inatazamwa na nani. Inakonyeza macho ukumbi wa wageni. Bad Black, iliyotuzwa na watazamaji wa Fantastic Fest kule Texas mwaka 2016, nayo ina mzungu ndani, Alan Hofmanis, na ina mtoto aitwaye Wesley Snipes anayemfundisha ukomando. Hapo nilicheka mpaka nikakohoa. Ila chini ya kicheko kuna baba anayeiba benki kwa sababu mkewe yuko hospitalini, na msichana anayekulia kwenye takataka akimwokotea mtu mwingine chuma. Ukiondoa mabomu, hiyo ni hadithi ambayo ningeweza kuisikia Litein siku ya soko. Ndiyo filamu yake bora, na naona ni kwa sababu haiombi kuhurumiwa.

Kuna wanaouliza kama ni sawa kuchekesha kwa risasi katika nchi iliyomwona Amin na vita vilivyofuata. Swali hilo silipuuzi. Januari 2008 majirani zetu Wakisii waliondoka kambini na magunia vichwani, wengine usiku, na wapo ambao hawakufika walikokuwa wakienda. Banda lilipofunguliwa tena yule kijana wa lugha tatu alibaki na mbili. Benchi la nyuma halikuwa na wa kusimuliwa Ekegusii. Hakuna aliyesema kitu. Tuliwekewa Commando na tukaitazama kimya, kitu ambacho hakikuwahi kutokea.

Kwa hivyo miaka minane baadaye, mvua ikipungua, filamu ya Wakaliga ilipofika mwisho, nilikuwa na sababu ya kutocheka. Kapteni Alex ameuawa. Ndugu yake anayejua kung-fu amekuja kutafuta muuaji. Jeshi limekuja. Genge la Tiger Mafia limesambaratishwa. Watu wamekufa wengi kuliko wanavyohesabika. Na swali lililo kwenye jina la filamu halijibiwi! Wahakiki wa ng'ambo huliona hilo kama mzaha mtamu wa mtu asiyejali mpangilio. Huenda Nabwana mwenyewe alikusudia mzaha, sijui na sitamsemea. Kwenye banda letu halikupokelewa kama mzaha. Lilipokelewa kama taarifa.

Mzee mmoja, mlinzi wa zamani kiwandani, alisimama akauliza kwa sauti, "Sasa huyo Alex aliuawa na nani?" Mwenye banda akasema filamu imeisha. Mzee akasema haijaisha, turudishe nyuma. Mabishano yakaanza: ni Tiger Mafia, hapana, ni mtu wa ndani, mtu wa jeshi lake mwenyewe, watu wa ndani ndio wanaojua mlango wako unafunguliwa vipi. Wengine walizungumza kwa sauti ya chini kidogo kuliko filamu ilivyostahili. Mwishowe mwenye banda alirudisha nyuma, lakini si hadi kwenye kifo cha Alex. Alirudisha hadi kwenye helikopta, kwa sababu watoto walikuwa wamelipa shilingi kumi kumi na mara ya kwanza mawe yalikuwa yamewanyima sauti yake.